Uraia, Uenyeji na Utaifa: Usuli wa Kukusaidia Kuielewa Chozi la Heri

Mwanafunzi mpendwa, kufikia hapa umekwisha kusoma riwaya na unawajua wahusika wake. Unajua kwamba nyumba ya Ridhaa iliteketezwa baada ya uchaguzi, familia yake ikiwa ndani, na kwamba jirani yake, Mzee Kedi, alihusika. Ukiulizwa sababu, huenda ukajibu kwa neno moja: ukabila. Jibu hilo si kosa, lakini halijakamilika. Mtahini atataka kujua jambo moja zaidi: imekuwaje daktari aliyesomea nchini, akawatibu watu wa nchi hiyo na kupiga kura humo, aitwe mgeni katika nchi yake mwenyewe?

Sehemu hii inakusaidia kulijibu swali hilo. Haichukui nafasi ya riwaya. Inakupa usuli wa kihistoria ambao mwandishi, Assumpta K. Matei, anautarajia msomaji awe nao. Nchi ya Wahafidhina ni ya kubuni, lakini maswali yake ni yetu.

1. Maneno matatu usiyoyachanganye

Watahiniwa wengi huyatumia maneno uraia, uenyeji na utaifa kana kwamba yana maana moja. Yatenganishe sasa, na utaona jinsi majibu yako yatakavyopata nguvu.

Uraia ni uhusiano kati ya mtu na dola. Dola ndiyo inayoutoa, huuandika katika sheria, na huuthibitisha kwa hati kama cheti cha kuzaliwa, kitambulisho na pasipoti. Neno lenyewe lina historia ya kufikirisha. Raia limetokana na Kiarabu, na huko maana yake ya awali ilikuwa kundi linalochungwa, kisha watu walio chini ya mtawala. Leo twalitumia kwa mtu mwenye haki, lakini kumbuka lilikotoka: zamani raia alikuwa mtawaliwa tu.

Uenyeji ni uhusiano kati ya mtu na mahali, na kati yake na majirani. Hautolewi na ofisi. Wahenga walisema, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Methali hii hutumiwa kumkanya mgeni asiyetaka kufanya kazi, lakini ina fundisho jingine pia: anayepewa jembe si mgeni tena. Amelima nasi, amezika nasi, watoto wake wamecheza na wetu. Huyo amekuwa mwenyeji.

Utaifa ni hisia na makubaliano ya watu wengi wasiojuana kwamba wao ni wamoja, kwamba msiba wa wa mbali ni msiba wao na kwamba sheria moja inawahusu wote. Utaifa haupatikani kwa kupandisha bendera peke yake. Hujengwa, na unaweza kubomolewa.

Hoja kuu ya sehemu hii ni hii, nawe uiandike katika daftari lako: mtu anaweza kuwa na uraia akanyimwa uenyeji, na mwingine anaweza kuwa na uenyeji akanyimwa uraia. Utaifa hukamilika pale tu watu wale wale wanapokuwa na vyote viwili. Ukoloni ndio uliovitenganisha viwili hivi, na uhuru haukuviunganisha kikamilifu.

2. Mipaka iliyowapita watu: mfano wa Buyangu

Tuanze karibu. Buyangu ni eneo lililo upande wa kaskazini wa Msitu wa Kakamega. Ukipanda kilima cha Buyangu unauona msitu ukiwa umetandazwa chini yako, na upande wa mashariki magenge ya Nandi. Hapa ni ndani kabisa ya Kenya. Ukimwambia mkazi wa leo kwamba yeye ni Mganda, atacheka.

Hata hivyo, tuseme mtoto fulani alizaliwa hapa mwaka 1901. Siku aliyozaliwa, eneo hili lilikuwa katika Mkoa wa Mashariki wa Himaya ya Uganda. Mwaka 1902 Waingereza walilihamisha eneo lote hilo, kuanzia karibu na Naivasha hadi Ziwa Viktoria, wakalitia katika Himaya ya Afrika Mashariki. Mtoto wetu alikuwa na umri wa mwaka mmoja. Hakuhama, wala wazazi wake hawakuulizwa.

Mwaka 1920 himaya hiyo ilifanywa Koloni la Kenya. Kijana sasa ana miaka 19. Mwaka 1963 Kenya ilipata uhuru, naye akawa raia wa Kenya akiwa mzee wa miaka 62. Katika maisha yake moja aliishi chini ya majina matatu ya nchi kabla ya kuitwa raia, huku akilima shamba lile lile. Hakuvuka mpaka wowote. Mipaka ndiyo iliyompita.

Ndiyo maana twasema mipaka ya mataifa ya Afrika haikuchorwa na Waafrika. Baada ya Mkutano wa Berlin wa 1884 hadi 1885, mataifa ya Ulaya yaligawana bara hili kulingana na mapatano yao. Wateso na Wabukusu walijikuta pande mbili za mpaka wa Kenya na Uganda, Wamaasai na Wadigo pande mbili za mpaka wa Kenya na Tanganyika, na Wasomali katika nchi kadhaa. Mwaka 1964, viongozi wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika walikutana Cairo wakaamua kuiheshimu mipaka hiyo jinsi walivyoirithi, kwani kuibadilisha kungeweza kuwasha vita kila mahali. Uamuzi ulikuwa wa busara, lakini uliacha swali bila jibu: tutawafanyaje watu hawa tuliorithishwa ndani ya mstari mmoja wajione kuwa taifa moja?

3. Kipande na rizavu: jinsi ukoloni ulivyoutenganisha uraia na uenyeji

Turudi kwa kijana wetu. Sheria ya kuwaandikisha Waafrika ilipitishwa mwaka 1915 na kuanza kutekelezwa baada ya Vita Vikuu vya Kwanza. Kila mwanamume Mwafrika wa miaka 16 na zaidi alitakiwa kubeba kipande. Hati hiyo ilikuwa na alama za vidole vyake na habari za waajiri wake, na wengi waliivaa shingoni ikiwa ndani ya kikebe cha bati. Mzungu hakuivaa. Hivyo basi, hati ya kwanza ambayo dola ilimpa Mwafrika haikuwa ya kumpa haki. Ilikuwa ya kumdhibiti, kumzuia asiache kazi na asitembee atakavyo.

Pamoja na kipande zilikuja rizavu, yaani maeneo waliyotengewa Waafrika kwa kufuata kabila. Ardhi iliyoitwa Nyanda za Juu za Wazungu ilitengewa walowezi. Mwafrika aliruhusiwa kuwa huko kama kibarua au skwota, si kama mwenye mali. Kwa utaratibu huo mkoloni alifundisha somo lililokaa vichwani kwa muda mrefu: kila kabila lina kwao, na anayeonekana nje ya kwao ni mgeni.

Lakini je, hata huko rizavuni Mwafrika alikuwa na hakika na kwao? Kakamega inatupa jibu. Mwaka 1930 serikali ya kikoloni ilipitisha sheria iliyowaahidi Waafrika kwamba ardhi ya rizavu ingekuwa yao milele, na kwamba kipande chochote ambacho kingechukuliwa kingefidiwa kwa ardhi nyingine. Mwaka uliofuata dhahabu ikagunduliwa Kakamega. Wazungu wakamiminika na vifaa vyao vya kuchimbia. Kufikia Desemba 1932 sheria ilikuwa imerekebishwa ili ardhi yenye madini iweze kuchukuliwa bila kutoa ardhi nyingine badala yake. Fidia ya fedha ilitosha. Ahadi ya milele ilidumu takribani miaka miwili. Mwaka 1933 serikali iliuwekea Msitu wa Kakamega mipaka rasmi, na watu waliokuwa wakiutegemea kwa kuni, malisho na dawa wakajikuta wakihitaji idhini.

Mambo mawili yanajitokeza hapa. Kwanza, Mwafrika alikuwa na uenyeji wa kina lakini hakuwa na uraia wa kuulinda. Hakuwa na kura wala mbunge wa kumtetea. Pili, kwa kuwa dola haikumlinda, alijikinga kwa kabila. Huu ndio mzizi wa jambo ambalo riwaya inalichunguza: watu hukimbilia kabila pale wanapoona dola haiwajali.

Hata makabila yenyewe hayakukaa jinsi yalivyokuwa. Jina Waluhya, kwa mfano, lilianza kuenea katika miaka ya 1930 na 1940, wakati Wamaragoli, Wabukusu, Waisukha, Wakabras, Wawanga na wenzao walipoona haja ya kusema kwa sauti moja mbele ya serikali ya kikoloni. Kabla ya hapo kila jamii ilijiita kwa jina lake. Hili si jambo la kudharau. Linatuonyesha kwamba utambulisho mkubwa unaweza kujengwa kutokana na ndogo bila kuziua ndogo. Yaliyowezekana kwa Waluhya yanawezekana kwa Wakenya.

4. Desemba 12, 1963: nani aliyekuwa raia?

Usiku wa uhuru ulipofika, ilibidi sheria iseme nani ni wa nchi hii. Katiba ya uhuru ilisema kwamba aliyezaliwa Kenya, na ambaye mzazi wake mmoja pia alizaliwa Kenya, alikuwa raia moja kwa moja. Wengine wengi waliokuwa wakiishi nchini walipewa miaka miwili, hadi Desemba 1965, kuomba kuandikishwa.

Kwa mzee wetu wa Buyangu hakukuwa na shida. Lakini fikiria watu waliokuwa wameletwa na ukoloni wenyewe.

Wanubi walitoka Sudan wakiwa askari wa Mwingereza. Wengi wao walitumikia jeshi la kikoloni, kisha wakapewa makao nje ya Nairobi katika msitu walioita Kibra, jina ambalo leo twalijua kama Kibera. Wamakonde walitoka kaskazini mwa Msumbiji wakaja Kwale, hasa kuanzia miaka ya 1930, kufanya kazi katika mashamba ya mkonge na ya miwa. Washona walifika kutoka Zimbabwe ya leo karibu na wakati wa uhuru, wakiwa wahubiri. Wahindi nao walikuwa nchini kwa vizazi, wengine tangu ujenzi wa reli.

Baadhi ya Wahindi waliomba uraia. Wengine walisita wakabaki na pasipoti za Uingereza. Mwaka 1967 Kenya ilipitisha sheria zilizowabana wasio raia katika kazi na biashara. Wengi wakaanza kuondoka. Mwaka 1968 Uingereza nayo ikapitisha sheria ya kuwazuia wengi wao wasiingie, ingawa pasipoti walizobeba ilizitoa yenyewe. Fikiria hali hiyo: una pasipoti mkononi, na nchi iliyoitoa inakufungia mlango.

5. Wenyeji wasio na uraia

Wamakonde wa Kwale ni mfano bora wa wenyeji wasio na uraia. Walilima, walichonga vinyago, waliwaoa na kuolewa na majirani zao. Watoto na wajukuu wao walizaliwa Kwale na hawakujua nchi nyingine. Majirani waliwajua kwa majina. Dola haikuwajua.

Maisha bila kitambulisho ni magumu kwa namna ambayo aliyenacho haioni. Huwezi kufungua akaunti ya benki wala kusajili laini ya simu kwa jina lako. Huwezi kununua shamba kisheria. Huwezi kupiga kura. Ukikutana na askari barabarani, huna la kuonyesha. Na mtoto wako akimaliza shule, anarithi tatizo lile lile.

Mnamo Oktoba 2016, Wamakonde mia kadhaa walianza kutembea kutoka Kwale kuelekea Nairobi kumwona Rais. Waliomba jambo moja: watambuliwe. Rais Uhuru Kenyatta aliagiza wapewe vitambulisho, na mwaka 2017 Wamakonde wakatambuliwa rasmi kuwa kabila la 43 la Kenya. Washona nao walianza kupewa hati za uraia mwaka 2021, baada ya zaidi ya nusu karne nchini. Wanubi wa Kibra walipewa hatimiliki ya ekari 288 mwaka 2017, sehemu ndogo tu ya ardhi waliyotengewa mwanzoni mwa karne iliyopita.

Zingatia namna Wamakonde walivyotambuliwa. Ili wawe raia, iliwapasa kwanza waitwe kabila. Je, hili linatuambia nini kuhusu utaifa wetu? Jadiliana na wenzako darasani.

Tatizo hili si la Kenya peke yake. Mwaka 2014 Tanzania iliwapa uraia zaidi ya wakimbizi 160,000 wa Burundi waliokuwa wamekimbia mauaji ya mwaka 1972, pamoja na watoto waliozaliwa ukimbizini. Huo ni mfano wa dola iliyotazama uenyeji uliokwisha kumea ikauandikia hati.

6. Raia wanaonyimwa uenyeji: Ridhaa na wenzake

Sasa tugeukie upande wa pili, ambao ndio moyo wa riwaya.

Kuanzia mwaka 1962 mashamba ya walowezi yalianza kununuliwa na kugawiwa Waafrika kupitia mpango wa ekari milioni moja. Watu walitoka katika rizavu zilizofurika wakahamia huko. Kutoka sehemu zenye msongamano za Magharibi, familia nyingi zilikwenda Lugari na Trans Nzoia. Kutoka Kati, nyingi zilikwenda Bonde la Ufa. Walikuwa raia wenye hati. Walilipia ardhi. Walipewa jembe, wakalima.

Hata hivyo somo la mkoloni lilikuwa bado vichwani: kila kabila lina kwao. Wanasiasa walipohitaji kura, walilifufua. Mapigano yalizuka katika miaka ya 1990, na baada ya uchaguzi wa Desemba 27, 2007, zaidi ya watu 1,100 waliuawa na mamia ya maelfu wakafurushwa makwao. Mapatano yalitiwa saini Februari 28, 2008. Waliofurushwa hawakuwa wageni kutoka nje. Walikuwa Wakenya ndani ya Kenya, ndiyo maana wakaitwa wakimbizi wa ndani.

Soma upya habari za Ridhaa ukiwa na picha hiyo akilini. Familia yake ilihamia Msitu wa Heri. Tangu utotoni shuleni alifanywa ahisi kwamba yeye ni mgeni. Alisoma, akawa daktari, akajenga. Kwa sheria za Wahafidhina yeye ni raia kamili. Kwa Mzee Kedi, siku ya ghasia, uraia huo hauna uzito. Uchaguzi umewagawanya wafuasi wa Mwekevu na wa Mwanzi, na ujirani wa miaka mingi unageuka majivu.

Tazama pia mifano hii mingine:

(a) Selume. Ndoa yake inavunjika kwa sababu ya tofauti za jamii. Kwake uenyeji unanyimwa ndani ya nyumba, si mpakani. Mwandishi anaonyesha kwamba mwanamke aliyeolewa katika jamii nyingine huweza kuwa mgeni mara mbili: kwao alikotoka na kwake alikoolewa.

(b) Lunga. Huyu aliitetea afya ya wananchi kazini kwa kupinga mahindi mabovu, akapoteza kazi. Baadaye yeye na familia yake wanaondolewa Msitu wa Mamba. Alitimiza wajibu wa raia. Dola haikutimiza wake. Linganisha na ahadi ya mwaka 1930 kwa watu wa Kakamega.

(c) Jina la Lunga Kiriri Kangata. Ndani yake mna jina la mwajiri wa wazazi wake. Jina hapa linafanya kazi kama kitambulisho: linafungua milango na kuficha asili. Jiulize kwa nini mtu aone haja ya kulibeba.

7. Katiba ya 2010 inasema nini?

Katiba iliyozinduliwa Agosti 27, 2010 ilijaribu kurekebisha mengi. Yakumbuke mambo haya manne, kwani yatakusaidia pia katika insha ya Karatasi ya Kwanza.

Kwanza, Kifungu cha 14 kinasema mtu ni raia wa kuzaliwa ikiwa mama au baba yake ni raia, hata kama alizaliwa nje ya Kenya. Zamani mama Mkenya aliyejifungua nje ya nchi hakuweza kumpa mtoto uraia wake kama baba alivyoweza.

Pili, mtoto anayepatikana nchini akionekana kuwa na umri wa chini ya miaka minane, na wazazi na uraia wake haujulikani, huchukuliwa kuwa raia wa kuzaliwa. Kwa maneno mengine, mtoto hatiliwi shaka; anapokelewa kwanza.

Tatu, Kifungu cha 16 kinaruhusu Mkenya wa kuzaliwa kuwa na uraia wa nchi nyingine bila kupoteza wa Kenya.

Nne, Kifungu cha 39 kinampa kila raia haki ya kuingia, kukaa na kuishi mahali popote nchini Kenya. Kisome pole pole. Hiki ndicho kifungu ambacho kila aliyefurushwa angekuwa na haki ya kukishika mkononi. Kinasema kwamba Mkenya hana kwao pamoja tu. Kote ni kwao.

Lakini sheria peke yake haimfanyi jirani akupokee. Sheria huweza kumwadhibu aliyechoma nyumba. Haiwezi kumlazimisha aje matangani. Ndipo utaifa unapohitajika, na ndipo fasihi inapofanya kazi yake.

8. Riwaya inapendekeza nini?

Mwandishi haishii kwenye moto. Fuatilia watoto wa Lunga: Umulkheri, Dick na Mwaliko. Wametawanywa, kila mmoja akapitia dhiki zake. Umu analelewa na Mwangeka na Apondi. Mwaliko analelewa na Mwangemi na Neema. Hatimaye ndugu hawa wanakutana tena. Mwangeka, aliyepoteza jamaa zake katika moto, anajenga familia pamoja na watoto ambao hawakuzaliwa humo.

Usiuone mwisho huu kuwa sadfa ya kumfurahisha msomaji tu. Familia hizi zinapokea watu kwa hiari na kuwapa nafasi kamili. Ni mfano mdogo wa taifa ambalo mwandishi analitamani: taifa ambalo kuwa wa nyumba hakutegemei ulizaliwa na nani, bali kupokelewa na kuwajibika. Kisheria kupanga mtoto kunahitaji hati. Kijamii kunahitaji moyo. Uraia na uenyeji vimekutana katika nyumba moja.

9. Jinsi ya kujibu swali

Swali la mfano: "Mgeni huumbwa na wenyeji." Thibitisha ukweli wa kauli hii kwa kurejelea riwaya ya Chozi la Heri. (alama 20)

Usianze kwa kusimulia riwaya. Anza kwa kufafanua kauli kwa sentensi mbili au tatu. Kisha toa hoja, kila moja ikiwa na sehemu tatu: dai, mfano kutoka riwayani pamoja na jina la mhusika, na maelezo yanayouunganisha mfano na kauli. Sehemu ya tatu ndiyo inayosahaulika zaidi, na ndiyo inayomtofautisha mtahiniwa bora.

Hoja dhaifu: Ridhaa alichomewa nyumba kwa sababu ya ukabila.

Hoja yenye nguvu: Wenyeji humgeuza raia kuwa mgeni kwa kumkumbusha asili yake. Ridhaa ni daktari na raia wa Wahafidhina, lakini tangu shuleni anafanywa ajihisi mgeni, na baada ya uchaguzi jirani yake Mzee Kedi anashiriki kuteketeza makao yake. Hii inaonyesha kwamba ugeni wa Ridhaa haukutokana na sheria wala matendo yake, bali na macho ya waliomzunguka.

Angalia kwamba historia ya Kenya haikutajwa katika hoja hiyo. Usuli uliousoma hapa ni wa kukufungua macho, si wa kujazia karatasi. Katika Karatasi ya Tatu alama hutolewa kwa yale yaliyomo katika kitabu.

10. Maswali ya marudio

1. Tofautisha uraia na uenyeji ukitumia mifano miwili ya wahusika. (alama 4)
2. Eleza jinsi suala la ardhi linavyochangia migogoro katika riwaya. (alama 10)
3. Jadili nafasi ya mwanamke katika suala la uenyeji ukimrejelea Selume na mhusika mwingine mmoja. (alama 10)
4. "Familia ni taifa dogo." Tathmini kauli hii kwa kurejelea maisha ya Umulkheri na ndugu zake. (alama 20)
5. Kazi ya nje: mwulize mzee mmoja wa mtaani kwenu alikotoka babu yake na kwa nini alihama. Andika aya moja, kisha uilinganishe na habari za familia ya Ridhaa.

Mwanafunzi mpendwa, wengi wenu mmetimiza miaka 18 au mnakaribia kuitimiza. Mtakwenda kwa chifu na kwa ofisi ya usajili kuomba vitambulisho. Baadhi yenu mtahudumiwa upesi. Wengine, kwa sababu ya jina au mahali mlikozaliwa, mtaulizwa maswali ambayo jirani yenu kwenye foleni hataulizwa. Ukiliona hilo likimpata mwenzako, usigeuze uso. Unamjua, mmeketi dawati moja miaka minne. Sema kwamba unamjua. Wahenga walisema, mgeni njoo, mwenyeji apone. Taifa nalo hupona pale mwenyeji anapokubali kusema kwa sauti, huyu ni wetu.